CP Elfu Tano na Mwayo Mmoja: Kweli na Si Kweli Kuhusu Nguvu ya Juu ya Pokémon

Pokémon GO, gemu ya simu iliyotoka Julai 2016, imewatembeza watu kwa miguu kuliko ushauri wa daktari yeyote. Unatembea, kiumbe anajitokeza kwenye skrini, na juu ya kichwa chake kuna namba: CP, yaani nguvu yake ya kupigana. Namba hiyo ndiyo inayopigwa picha na kurushwa kwenye grupu la WhatsApp, na ndiyo inayowasha ubishi. Wangu ana elfu tano. Wako je?

Ubishi ukishawaka, kila mtu ni mtaalamu. Wapo wanaosema CP ya juu ni bahati nasibu. Wapo wenye jedwali la mwaka 2016 ambalo hawajalitilia shaka hata siku moja. Na wapo waliowatupa Pokémon wazuri kabisa kwa sababu nyota hazikutimia. Tuyapitie madai yao, kalamu mkononi.

"CP ya juu haihesabiki, unaikuta tu"

Si kweli. Inahesabika kwa karatasi na kalamu, na kwa Pokémon mmoja inakaribia kuhesabika kichwani.

Kila aina ya Pokémon ina alama tatu za msingi: shambulio, ulinzi na uhai. Hizi ni za ukoo mzima. Kila Magikarp duniani anazo zilezile. Juu ya hizo, kila mmoja huzaliwa na nyongeza zake binafsi, ambazo wachezaji huziita IV, kuanzia 0 hadi 15 kwa kila alama. Halafu kuna levo, na kila levo ina kizidishi chake. Levo ya 1 ni 0.094. Ya 20 ni 0.5974, ya 40 ni 0.7903, na ya 50 ni 0.8403.

Sasa kanuni. Chukua shambulio, ongeza IV yake. Chukua ulinzi, ongeza IV yake, kisha tafuta kipeuo cha pili. Uhai nao uufanyie hivyohivyo. Zidisha matokeo yote matatu, yazidishe kwa kizidishi cha levo mara mbili, gawanya kwa 10, na desimali itakayobaki itupe.

Magikarp, yule samaki mwekundu ambaye kazi yake ni kurukaruka majini bila kumdhuru mtu, ni kama aliumbwa kwa ajili ya somo hili. Alama zake za msingi ni 29, 85 na 85. Mpe IV kamili, 15 kila upande, upate 44, 100 na 100. Kipeuo cha pili cha 100 ni 10, kwa hiyo 44 mara 10 mara 10 ni 4,400. Kizidishi cha levo ya 50 kikizidishwa kwa chenyewe kinatoa takriban 0.7061. Zidisha, gawanya kwa 10, unapata 310 na desimali zake. CP ya juu ya Magikarp katika levo ya 50 ni 310. Atakayekuja na picha ya Magikarp wa 900 ameihariri.

Hata hizo alama za msingi hazikuokotwa. Zimetokana na gemu za zamani za Pokémon, zile zilizoanzia kwenye Game Boy nchini Japani mwaka 1996. Magikarp wa huko ana uhai 20. Ukizidisha kwa 1.75 na kuongeza 50 unapata 85 kamili. Shambulio na ulinzi vina kanuni ndefu kidogo, inayoingiza na mwendo wa kiumbe, lakini mzizi ni uleule. Kwa hiyo Pokémon mpya anapotarajiwa, wachezaji huweza kukadiria CP yake ya juu kabla hajatia mguu kwenye simu ya mtu yeyote.

"Mwenye CP kubwa ndiye mkali"

Hili ndilo dai linaloaminiwa kuliko yote, na si kweli.

Mtazame Slaking. Alama zake ni 290, 166 na 284. Akiwa na IV kamili katika levo ya 50, CP yake ni 5,010. Mewtwo, ambaye kila mtoto aliyetazama katuni anajua ni tishio, anaishia 4,724 katika levo hiyohiyo. Kwa namba tupu, Slaking anamzidi Mewtwo kwa karibu mia tatu.

Sasa waingize ulingoni. Pigo la haraka la Slaking, lile analorudia tena na tena ili kujaza nishati ya pigo kubwa, ni kupiga mwayo. Ndiyo, mwayo. Nguvu yake ya kuumiza ni sifuri. Katika gemu za zamani Slaking alikuwa na kilema cha uvivu: akipigana raundi moja, inayofuata anapumzika. Pokémon GO haina vilema wala vipaji vya namna hiyo, basi watengenezaji wakamfunga breki kwa njia nyingine, na mwayo ndio breki yenyewe. CP elfu tano imekaa kwenye jimu, ukumbi wa mapambano, ikikupigia miayo.

Kanuni haioni hilo kwa sababu haijui mapigo. Rudi uisome: ina shambulio, ulinzi, uhai na levo, hakuna kingine. Pigo analotumia halimo. Aina yake, moto au maji au mpiganaji, haimo. Na ulingoni mambo hayo mawili ndiyo yanayoamua. Ukimpiga adui kwa aina anayoiogopa, madhara yanazidishwa kwa 1.6. Ukitumia aina anayoistahimili, yanashuka hadi 0.625. Pigo likiwa la aina moja na yule anayelipiga, yanaongezeka tena kwa 1.2.

Chukua Machamp, yule mpiganaji mwenye mikono minne. CP yake ya juu katika levo ya 50 ni 3,455. Mbele ya Slaking anaonekana mtoto. Lakini Slaking ni aina ya kawaida, na aina ya kawaida huumizwa na wapiganaji. Machamp akirusha ngumi ya aina yake, 1.6 mara 1.2 ni 1.92, karibu maradufu. Anayechagua timu kwa kuangalia namba ya juu kichwani angemwacha Machamp benchi.

Halafu kuna suala la vipeuo, ambalo wengi hulipita haraka. Shambulio linaingia kwenye kanuni zima zima. Ulinzi na uhai vinaingia vikiwa vimepunguzwa kwa kipeuo cha pili. Blissey ana uhai 496, zaidi ya mara mbili ya Mewtwo, lakini shambulio lake ni 129 tu. CP yake ya juu ni 3,117. Ni kama wastani wa mtihani ambamo somo moja limepewa uzito kuliko mengine: namba ya mwisho haikuambii mtoto amefaulu wapi na amefeli wapi. Blissey kwenye jimu anaweza kukumalizia muda wote wa pambano bila kuanguka. Mpeleke akashambulie bosi, utachoka wewe kabla ya bosi.

"Bosi wa reidi ana CP 54,148, kwa hiyo nikimkamata nitakuwa naye hivyo"

Si kweli, na masikitiko yake nimeyashuhudia. Mtu anaingia reidi, yaani pambano la kundi dhidi ya bosi mmoja, kwa mara ya kwanza, anaona Mewtwo mwenye namba ya elfu hamsini na nne, anapigana na wenzake mpaka jasho linamtoka, anamkamata, na anayetua mfukoni ana 2,300 na kidogo. Anadhani kaibiwa.

Hajaibiwa. Bosi ana kanuni yake. Shambulio na ulinzi ni vya Mewtwo yuleyule mwenye IV 15, ila uhai wake umeondolewa na badala yake umewekwa 15,000, ambao ndio uhai wa mabosi wa nyota tano, na kizidishi cha levo hakimo katika namba ile. 315, mara kipeuo cha 197, mara kipeuo cha 15,000, gawanya kwa 10: 54,148. Namba ya kuwaita watu wakusanyike, basi. Ukishamkamata, anarudi kwenye kanuni ya kawaida akiwa levo ya 20, au ya 25 ikiwa hali ya hewa ya mahali hapo inaipendelea aina yake.

"IV ikiwa mbovu, Pokémon huyo hafai"

Hili limewapotezea watu Pokémon wengi kuliko hitilafu yoyote ya mtandao.

Tubaki na Mewtwo yule wa reidi. Pokémon wa reidi za kawaida hawazaliwi na IV chini ya 10. Kwa hiyo Mewtwo mbaya kuliko wote utakayemkuta pale, mwenye 10, 10 na 10, ana CP 2,294 katika levo ya 20. Aliyekamilika, 15, 15 na 15, ana 2,387. Tofauti ni 93, asilimia nne hivi. Kwa hizo 93 watu wamerudi kwenye jimu hilohilo mchana kutwa.

Tukienda mbali zaidi na kumfikiria Mewtwo mwenye sifuri tatu, IV 0 kila upande, katika levo ya 40 angekuwa na 3,697, na aliyekamilika 4,178. Sasa ndiyo tunaona pengo, kama asilimia 11 na nusu. Lakini mpandishe yule wa sifuri hadi levo ya 50: anafika 4,180. Mewtwo aliyezaliwa na mkosi wote wa dunia, akilishwa vizuri, anampita kwa CP mbili yule mkamilifu aliyeachwa levo ya 40. Levo ndiyo yenye mkono mrefu katika kanuni hii, kwa kuwa kizidishi chake kinazidishwa mara mbili. IV ni chumvi.

Zamani ilikuwa rahisi kuelewa kwa nini watu wanahangaika. Kabla ya 2019, kiongozi wa timu yako, awe Candela, Blanche au Spark, alikuwa akikujibu kwa mafumbo tu kuhusu Pokémon wako. Wachezaji walilazimika kukokotoa kinyumenyume: unachukua CP, uhai na bei ya kumpandisha levo, unaviingiza kwenye kikokotoo, nacho kinakupa orodha ya IV zinazowezekana. Siku hizi mistari mitatu inaonekana wazi pamoja na nyota zake. Nyota tatu ni jumla ya 37 kwenda juu kati ya 45, na 45 kamili hupewa rangi nyekundu. Uwazi huo ni mzuri, ila umezaa ugonjwa mwingine: mtu akiona nyota mbili anabonyeza kumtupa, yaani kumpeleka kwa Profesa Willow, bila kujiuliza huyo ni nani.

"Kila mageuzi yana kizidishi chake kimoja"

Mwaka 2016 majedwali haya yalikuwa kila mahali. Unatazama CP ya Eevee wako, unazidisha kwa namba ya kwenye jedwali, unajua akigeuka atakuwa na ngapi. Yalisaidia, na kwa Pokémon wengi yalikaribia ukweli. Kwa Magikarp yanaanguka vibaya.

Magikarp akigeuka anakuwa Gyarados, joka la majini lenye alama 237, 186 na 216. Mageuzi hayagusi levo wala IV. Yanabadilisha alama za msingi peke yake. Chukua Magikarp mkamilifu wa levo ya 40, mwenye CP 274. Gyarados wake ana 3,391. Hiyo ni mara kumi na mbili na kidogo. Sasa chukua Magikarp wa levo ileile mwenye IV sifuri tatu, CP 153. Gyarados wake ana 2,966, zaidi ya mara kumi na tisa.

Kwa nini pengo kubwa hivyo? Kwa sababu shambulio la Magikarp ni 29. Kuongeza 15 juu ya 29 ni kuongeza nusu nzima. Kuongeza 15 juu ya 237 hakuonekani sana. IV inambadilisha samaki kuliko inavyolibadilisha joka. Jedwali lenye namba moja haliwezi kuwatosha wote wawili. Na kwa kuwa mageuzi haya yanagharimu peremende 400, ni vyema mtu ajue anachokwenda kupata kabla ya kubonyeza.

"Ukimkamata akiwa na CP ndogo, hataweza kufika juu"

Si kweli. CP ndogo ya porini mara nyingi ni levo ndogo tu, na levo inapandishwa. Wawili wa aina moja wenye IV sawa, mmoja kakamatwa na 200 na mwingine na 2,000, wataishia namba ileile. Kinachotofautiana ni bili. Kwa bei zilizokuwapo levo ya 50 ilipoanza, kumtoa Pokémon levo ya 1 hadi 40 kulikula vumbi la nyota 270,000 na peremende 304. Kutoka 40 hadi 50 kulikula vumbi 250,000 nyingine na peremende 296 za XL, zile adimu. Kwa hiyo ukiambiwa "mwanzishe kutoka chini, mtafika pamoja", uliza kwanza vumbi ni la nani.

"Asilimia mia ndiye bora siku zote"

Hapa ndipo hesabu inapopendeza, na ndipo wachezaji wazoefu hujikwaa.

Tangu Desemba 2018 wachezaji wanaweza kupambana wao kwa wao, na mapambano hayo yana ligi. Ya kwanza haimruhusu Pokémon mwenye CP zaidi ya 1,500. Inayofuata inaishia 2,500. Ya tatu haina kikomo. Katika hiyo ya tatu, aliye mkamilifu ndiye bora, hakuna ubishi. Katika ligi ya 1,500 mambo yanageuka.

Kumbuka jinsi kanuni inavyogawa uzito: shambulio linahesabiwa zima, ulinzi na uhai vinapunguzwa. Maana yake, kila alama ya shambulio inakula nafasi kubwa ndani ya zile 1,500. Ukiwa na kikomo, shambulio ni ghali. Anayelipunguza anapata nafasi ya kupanda levo, na kila levo inayopanda inainua vyote vitatu kwa pamoja.

Tumshike Azumarill, yule sungura wa majini mwenye mwili wa mviringo ambaye ligi hii imemzoea. Alama zake ni 112, 152 na 225. Azumarill mkamilifu, 15 tatu, anaweza kufika levo ya 36 tu. Hapo ana CP 1,497, na ukimwongeza nusu levo anavuka mstari. Azumarill mwenye shambulio 0, ulinzi 15 na uhai 15 anapanda hadi levo ya 45.5, akiwa na CP 1,499.

Kwenye skrini wanakaribia kulingana. Ndani yao ni hivi. Mkamilifu anaingia ulingoni na shambulio la 97 na nusu hivi, ulinzi 128, uhai 184. Yule wa sifuri anaingia na shambulio kama 91 na nusu, ulinzi zaidi ya 136, uhai 196. Amepoteza alama sita za kushambulia, amepata nane za kujikinga na kumi na mbili za uhai. Ukizidisha vyote vitatu kwa pamoja, yule ambaye kiongozi wa timu hakumpa nyota kamili anamzidi mkamilifu kwa zaidi ya asilimia sita. Katika mechi inayoamuliwa na nani atabaki na uhai kiduchu baada ya kubadilishana mapigo, hiyo si tofauti ndogo.

Nisidanganye upande wa pili pia. Wapo wanaolichukua hili kama dini na kumtupa kila mwenye shambulio kubwa. Ila kuna kanuni nyingine ulingoni: wawili wakirusha pigo kubwa kwa wakati mmoja, mwenye shambulio la juu ndiye anayetangulia. Kwa timu fulani, dhidi ya adui fulani, alama mbili za shambulio zina thamani kuliko uhai wote ule. Na yule Azumarill wa levo ya 45.5 anahitaji peremende za XL ambazo mchezaji mpya hana. Kwake huyo, Azumarill aliyepo ndiye bora.

"CP ya juu ya aina fulani haibadiliki"

Ingekuwa kweli, Mewtwo asingekuwa na historia. Mwishoni mwa 2016 data za gemu zilimpa alama zilizomfikisha 4,760 katika levo ya 40, na hapo hakuna mchezaji aliyekuwa amemkamata bado. Ilipokaribia zamu yake mwaka 2017 akakatwa asilimia tisa katika kila alama, panga lililowapitia waliokuwa wameota pembe kupita kiasi, akashuka hadi 3,982. Alipoonekana kwa mara ya kwanza uwanjani Yokohama, Agosti 2017, alikuwa tayari ameshanyolewa. Mwishoni mwa 2018 hesabu za ulinzi na uhai zikapangwa upya kwa Pokémon wote, naye akapanda hadi 4,178. Halafu 30 Novemba 2020 dari la levo likainuliwa kutoka 40 hadi 50, na 4,724 ikazaliwa.

Kwa hiyo mtu akikutajia CP ya juu bila kutaja levo, muulize. Wengi bado wanabishana mmoja akiwa na orodha ya levo ya 40 na mwenzake ya levo ya 50, na wote wawili wako sahihi.

Na hata 50 si mwisho kabisa. Pokémon aliyefikia daraja la rafiki mkubwa, kwa kulishwa, kuchezewa na kutembezwa, hupata levo moja ya ziada akiwa ndiye unayetembea naye. Kizidishi kinakuwa 0.8453, na Mewtwo anagusa 4,780. Ukimbadilisha na mwingine, anarudi alikokuwa.

"Wenye rangi adimu na wale wakubwa wa umbo wana CP zaidi"

Hapana. Rangi, ukubwa na jinsia havimo kwenye kanuni. Wanapendeza.

"Pokémon wa kivuli ana nguvu kuliko CP yake inavyosema"

Kweli, na ni moja ya siri zinazofichwa na ile namba. Pokémon wa kivuli, wale wanaookolewa kutoka kwa genge la Team GO Rocket, hupiga kwa nguvu iliyoongezwa asilimia 20, na ulinzi wao hupungua kwa takriban sehemu moja ya sita. Hakuna hata kimoja kati ya hivyo kinachoonekana kwenye CP. Weka Machamp wa kawaida na Machamp wa kivuli wenye IV na levo sawa: namba ni moja, ngumi ni mbili tofauti.

Kinachochekesha zaidi ni kuwatakasa. Ukimtakasa Pokémon wa kivuli, anaongezewa 2 katika kila IV, mwisho 15, na akiwa chini ya levo ya 25 anapandishwa hadi hapo. CP inapanda, mchezaji anafurahi, na ile asilimia 20 ya mapigo imekwisha kwenda zake. Kwa anayetafuta wa kupigana reidi, huo ni ununuzi wa hasara uliofungwa kwa karatasi nzuri. Kwa anayetaka ulinzi wake urudi, au anayependa tu kuwaona wametulia, si hasara.

"Hali ya hewa huongeza CP"

Nusu kweli. Tangu Desemba 2017, mvua, jua, upepo na mawingu ya mahali ulipo vinapendelea aina fulani. Pokémon wa porini aliyependelewa anaweza kutokea hadi levo ya 35 badala ya 30, na akikamatwa anabaki na levo yake hata mvua ikikatika. Hapo CP imeongezeka kweli. Lakini yule uliye naye tayari mfukoni hapati CP yoyote mvua ikinyesha. Mapigo yake yanazidishwa kwa 1.2 kimyakimya, na namba juu ya kichwa inabaki ilivyo. Dari lake halisogei hata kwa desimali.

"CP 10 maana yake ana nguvu kumi"

Si kweli, na hapa kanuni yenyewe inapindwa kidogo. CP haishuki chini ya 10 kwenye skrini hata hesabu ikisema vinginevyo. Magikarp mkamilifu wa levo ya 1: 4,400 mara 0.094 mara 0.094, gawanya kwa 10, jibu ni 3 na desimali. Yule wa sifuri tatu anapata 2. Wote wawili wanaandikwa 10. Wapandishe nusu levo, bado wote 10. Wafikishe levo ya 2 na mkamilifu anasoma 12, huku mwenzake, ambaye hesabu yake bado haijafika 7, akiendelea kuonyesha 10 ileile.

Kwa hiyo ukikutana na Magikarp wawili wa CP 10, usimtupe yeyote kwa kutazama juu ya kichwa. Fungua ile mistari mitatu, au wape vumbi kidogo na peremende mbili kila mmoja uone nani anasogea.